Kile chama cha siri cha Nanyuki nilikibuni mimi

Wasee, wacha niseme mapema tusisumbuane kwa komenti: kile chama kinachoiba nusu saa ya Nanyuki kila siku hakipo. Najua kwa sababu nilikibuni mimi, kitandani, usiku stima zimepotea na simu iko na chaji asilimia 14.

Kama hukuona zile vidio, zilikuwa tatu. Ya kwanza nimesimama chini ya kibao cha ikweta, barabara ya kwenda Nyeri, naongea kwa sauti ya chini kama mtu anafuatwa: jua la Nanyuki halifiki utosini saa sita, linafika saa sita na nusu, sasa hiyo nusu saa huenda wapi? Ya pili nikasema wale wazee wa beseni pale kwenye mstari ndio walinzi, na maji yakizunguka huku kulia na kule kushoto, ni mlango wa dunia nyingine unafunguka. Ya tatu nikaongeza alama: duara lenye mstari katikati. Ukiona mtu ameivaa, usimwangalie machoni.

Hiyo ya tatu ndiyo ilienda mbali kuliko kitu chochote nimewahi kuposti.

Kinachoniuma ni kwamba nusu saa ni ya kweli. Nanyuki iko nyuzi 37 mashariki ya Greenwich, na dunia huzunguka nyuzi 15 kwa saa. Piga hesabu: jua letu liko mbele ya Greenwich kwa saa 2 na dakika 28 hivi. Lakini saa ya Kenya imewekwa mbele kwa saa 3 kamili. Tofauti ni dakika 32, inapanda na kushuka kidogo kulingana na mwezi. Serikali ndiyo iliamua hivyo, na haikuamua mara moja. Kuna miaka ya ukoloni saa ya Kenya ilikuwa mbele kwa saa 2 na dakika 45. Manze, hebu fikiria, dakika 45! Yaani watu waliochezea wakati wetu kweli walikuwa makarani wenye kalamu na mihuri, mchana, bila kujificha. Hiyo ndiyo stori ningewapa. Lakini karani haleti watazamaji, na mimi niliacha chuo mwaka wa pili, rent ni yangu.

Sasa beseni. Wale wazee huwa na beseni lenye tundu, jagi na kijiti cha kuelea juu ya maji. Wanakupeleka hatua chache kaskazini, kijiti kinazunguka hivi. Hatua chache kusini, kinazunguka vile. Ukimaliza unauziwa cheti. Nguvu wanayoitaja ni ya Coriolis, na ipo, ndiyo huzungusha dhoruba za baharini. Shida ni kwamba kwa beseni ni ndogo mno, na kwenye mstari wenyewe ni sufuri. Mwaka wa 1962, Ascher Shapiro wa MIT kule Marekani alitaka kuiona ndani ya maji. Ilibidi atumie tangi la upana wa karibu mita 1.8, ayaache maji yatulie siku nzima, ndiyo yakazunguka kinyume cha mishale ya saa. 1965 wengine wakarudia Sydney, yakazunguka upande ule mwingine. Siku nzima kutulia, na huyu mzee wetu anamaliza kwa dakika mbili na upepo wa mlima unavuma!

Siri iko kwa mikono. Ukimwaga maji kutoka upande mmoja wa beseni, au ukigeuka nalo kabla ya kufungua tundu, ushayaambia maji yazunguke wapi.

Nilidhani naandika haya kuwachoma wazee. Halafu msichana wa shule ya bweni akaniandikia. Akaniuliza kama ile alama ni ya kweli, kwa sababu kuna mwenzao bwenini ana mkufu unaofanana nayo, na sasa hakuna mtu anataka kitanda karibu na chake. Wameanza kumwekea chumvi mlangoni. Yeye mwenyewe alikuwa anauliza kwa uzuri tu, ajue ahame kitanda ama asihame.

Nilimsomea mathe hiyo meseji. Akanyamaza, halafu akaniambia, "Wewe hujui ulichofanya." Alikuwa sekondari wakati Rais Moi aliunda tume ya kuchunguza ibada ya shetani, mwaka wa 1994, mwenyekiti akiwa Askofu Mkuu Nicodemus Kirima wa hapa hapa Nyeri. Ripoti ilifika bungeni 1999. Ikasema waabudu shetani wapo, hadi mashuleni, na ikawataja Freemason, watu ambao jumba lao liko Nyerere Road, Nairobi, unalipita ukienda town. Darasani kwa mathe kulikuwa na msichana mpole aliyependa kukaa peke yake, na alikuwa na pete ya nyoka aliyopewa na shangazi yake. Wiki moja ilitosha. Muhula uliofuata hakurudi. Mathe anakumbuka jina lake mpaka leo, na anakumbuka pia kwamba yeye alihama meza.

Najua mtaniambia ni kontenti tu, kila mtu anajua ni stori. Huyo wa chumvi hakujua. Na mimi nilijua hajui, ndiyo maana niliongea kwa sauti ya chini.

Vidio zote tatu nimetoa. Msichana nimemjibu, nikamwomba amwonyeshe kila mtu bwenini jibu langu, na hii pia.

Jana nikaenda kwenye mstari kumwomba msamaha mzee mmoja niliyemrekodi bila ruhusa. Alicheka. "Kijana, mtalii wangu anaondoka na cheti na furaha. Wako anaondoka na nini?" Sikuwa na jibu. Nikamuuliza kama naweza kurekodi vile anavyogeuza maji pande zote mbili akiwa amesimama mahali pamoja. Akafikiria sana, kwa sababu hiyo ni unga wake. Mwishowe akakubali, bora uso usionekane na ninunue cheti kama watu wengine. Jumamosi, saa sita na nusu.