Watengeneza Filamu, Ingieni Jikoni

Vijana wetu wengi wanatamani kutengeneza filamu, lakini wameshaamini kwamba pasipo bunduki na magari ya fahari hakuna filamu. Nawasihi wajue kwamba sinema ilifika mezani tangu siku zake za mwanzo. Mwaka 1895, Louis Lumière wa Ufaransa alimpiga picha kaka yake Auguste akimlisha mtoto kwa kijiko, mama mtoto akiwa pembeni. Filamu yenyewe haifiki dakika moja. Tarehe 28 Desemba mwaka huo, watu mjini Paris walilipa kiingilio wakaitazama.

Mwaka 1924 mchoraji Fernand Léger, akishirikiana na Dudley Murphy, aliyachezesha masufuria, vifuniko na vyombo vya kupigia mayai katika filamu ya Ballet mécanique. Lakini inayonigusa zaidi ni Kino-Glaz, aliyoitoa Dziga Vertov mwaka huohuo katika Urusi ya Kisovieti. Humo mna mama aliyekwenda sokoni kutafuta nyama. Ghafla mkanda unarudi nyuma: mama anatembea kinyumenyume, nyama inarudi buchani, kisha machinjioni. Matumbo yanaingia mahali pake, ngozi inamvaa ng'ombe, naye anainuka na kurejea kundini! Mkate nao unarudi tanurini, unakuwa donge, donge linakuwa unga, mpaka tunafika shambani.

Wapo watakaosema huo ni mchezo wa mkanda tu. Sikubaliani nao hata kidogo. Mkate ukishawekwa mezani humwoni aliyevuna, aliyesaga wala aliyeoka. Vertov aliwarudisha wote mbele ya macho yetu. Ni kweli alikuwa na siasa yake, maana alitaka watu wanunue kwenye maduka ya ushirika na kuwaacha wafanyabiashara binafsi. Anayeipinga siasa hiyo na aipinge, lakini njia aliyotuonyesha tusiitupe.

Basi, walimu wa sanaa, waonyesheni wanafunzi filamu hizi. Nanyi vijana, simu mnazo mikononi. Chukueni sahani moja ya ugali, muirudishe nyuma hatua kwa hatua: mwiko, jiko, gunia la unga, mashine ya kusaga, hadi shambani kwa aliyepalilia mahindi. Mkifika hapo msiharakishe. Mpigeni picha uso wake, na muache aseme bei aliyouzia.