Sheria, Nuru na Neno: Utetezi wa Maandishi ya Matatu

Mtunzi wa riwaya akibuni dola ambamo herufi huwaka gizani, kisha mtawala wake akatunga sheria ya kuzidhibiti, wahakiki wetu hawatakosa la kusema. Watachambua nuru kama ishara ya ukweli, na sheria kama ishara ya udhalimu. Aliyesoma Walenisi ya Katama Mkangi (1995) anafahamu kuwa nchi ya kubuni ni kioo. Jina lenyewe latuambia kuwa wale ni sisi. La kustaajabisha ni kwamba sheria ya namna hiyo tumekuwa nayo hapa Kenya, tena juu ya maandishi yanayopita mbele ya macho yetu kila siku, nasi wanafunzi wa Kiswahili tukainyamazia. Nazungumzia maandishi ya matatu.

Kanuni zenyewe zilitolewa kwa Tangazo la Kisheria Nambari 161 la mwaka 2003, wakati John Michuki alipokuwa Waziri wa Uchukuzi, na zikaanza kutekelezwa tarehe 1 Februari 2004. Ziliagiza mikanda ya usalama, vidhibiti mwendo visivyozidi kilomita 80 kwa saa, sare za madereva na makondakta, na mstari wa manjano ubavuni mwa gari. Katika utekelezaji huo michoro na maandishi yalifutwa, magari yakabaki na rangi tupu na mstari. Mnamo Novemba 2014 Rais Uhuru Kenyatta alitangaza kuwa vijana waachwe wajipatie riziki kwa sanaa hiyo. Novemba 2018 serikali ikaanzisha msako mpya wa kuzirejesha kanuni za Michuki. Kwa muda wa miaka 15, basi, neno lilifutwa, likaruhusiwa, kisha likatiliwa shaka tena.

Sikatai kwamba kanuni hizo zilikuwa na manufaa. Barabara zetu zilikuwa zikimeza watu, na serikali isiyojali uhai wa abiria haistahili kuitwa serikali. Nakubali pia kuwa nuru yenyewe yaweza kudhuru. Anayezijua barabara zinazopanda milima ya Mbooni kuelekea Kikima anajua maana ya kukutana konani, usiku wa ukungu, na gari lililopambwa kwa taa za kumetameta. Dereva anayekuja haoni ukingo wala mpanda baiskeli. Sheria ikisema taa hizo zipunguzwe, au zisiwekwe mahali zinapowapumbaza macho wengine, naiunga mkono.

Hata hivyo, nuru si neno. Hapa ndipo sheria na utekelezaji wake vilipokosea: vililiweka neno katika fungu moja na taa, muziki wa kelele na vioo vyeusi, kana kwamba vyote ni uchafu wa kuoshwa kwa pamoja.

Chukua methali tuijuayo sote: Usisafirie nyota ya mwenzio. Darasani tunaifafanua kuwa ni onyo dhidi ya kutegemea bahati ya mtu mwingine. Iandike sasa nyuma ya matatu. Kitenzi kusafiria, kilichokuwa sitiari, chapata maana yake ya wazi, kwa kuwa abiria aliyemo ndani anasafiri kweli, na nyota anayoisafiria ni ya mwenye gari na dereva wake. Methali iliyomwonya jirani mwenye husuda inageuka kuwa kejeli kwa mteja mwenyewe. Iandike tena kwa herufi zinazowaka, na neno nyota litang'aa mbele ya msomaji aliye gizani. Matini ni ileile, lakini chombo, mahali na wakati vimeizalia maana mpya. Je, si haya tunayoyaita muktadha wa utendaji tunapofundisha fasihi simulizi?

Kwa upande wa Mbooni kuna jambo jingine la kuzingatia. Huko Kiswahili, Kikamba na Kiingereza hukutana kwenye bodi moja la gari. Kikamba kina irabu saba, na mbili kati yake, ĩ na ũ, huandikwa kwa alama ya kiwimbi. Mchoraji anayeandika Mũmbi, mojawapo ya majina ya Mungu kwa Kikamba, huamua ama kuiweka alama hiyo ama kuiacha. Uamuzi huo ni ushahidi wa jinsi watu wanavyoiandika lugha yao nje ya shule na kanisa. Gari likipakwa rangi upya, ushahidi huo umekwenda.

Yupo atakayesema kuwa mengi ya maandishi haya ni matusi na upuuzi. Yapo, sikatai. Lakini kanga nazo hubeba mafumbo makali, pengine makali kuliko ya matatu, na hakuna aliyependekeza kanga zote ziwe na mstari mmoja wa manjano. Tusi liadhibiwe kama tusi. Methali isiadhibiwe kwa kosa la jirani yake. Katiba ya mwaka 2010, katika Kifungu cha 33, inalinda uhuru wa ubunifu wa kisanaa, na Kifungu cha 7 kinaitaka Dola ikuze lugha za kiasili. Sijaona ni wapi iliposemwa kuwa ulinzi huo hukoma kwenye bati la gari.

Napendekeza mambo mawili. Kwanza, chama chetu kiunde hifadhi ya maandishi haya. Kila mwanachama arudipo nyumbani likizoni anakili maneno yenyewe, lugha, tahajia, mahali yalipoandikwa garini, njia inayopitiwa na tarehe, kisha amuulize mwenye gari alikusudia nini. Nambari ya usajili haihitajiki. Pili, wahadhiri wetu waikubali data hii katika tasnifu za fasihi, isiachiwe wanasosholojia na wanahistoria peke yao. Tukiwa na hifadhi ya namna hiyo, tutaweza kwenda mbele ya Mamlaka ya Kitaifa ya Usafiri na Usalama Barabarani tukiwa na hoja na mifano, tuombe kanuni itakayopima mwangaza wa taa bila kuligusa neno.

Yaliyofutwa mwaka 2004 bila kunakiliwa hayatarudi. Yanayopanda Kikima jioni ya leo bado yanasomeka.