Mwongozaji wa Lisbon Atuambie Sukari Ilitoka Wapi

MEZANI NA NJIANI
Na Mwanaidi Shekue

Matembezi mengi ya chakula katika mji mkongwe wa Lisbon hupita kwenye uwanja mdogo uitwao Largo de São Domingos, ubavuni mwa uwanja mkubwa wa Rossio. Pale pana duka la chumba kimoja linalouza ginjinha tangu mwaka 1840. Ni pombe tamu ya rangi ya damu ya mzee, iliyolowekwa matunda madogo yenye ugwadu pamoja na sukari na mdalasini. Muuzaji humuuliza mteja kama anataka tunda ndani ya kikombe au hataki, kisha mteja hutoka nje kunywa akiwa amesimama, maana ndani hakuna nafasi wala kiti. Hatua chache kutoka mlango huo lipo jiwe la kumbukumbu lenye nyota ya Daudi, lililowekwa mwaka 2008. Linawakumbuka Wayahudi waliokuwa wamebatizwa kwa nguvu, kisha wakachinjwa katika mauaji yaliyoanzia katika kanisa la hapo hapo mwezi Aprili 1506. Hesabu zinazotajwa sana ni za watu wapatao 2,000 au zaidi, ndani ya siku chache. Na jioni uwanja huo hujaa Waafrika, wengi wao wa Guinea-Bissau, wanaokutana kupeana habari kwa Kikrioli na kuuziana vitu vya kwao.

Yote hayo huonekana kwa kugeuza shingo tu. Mwongozaji mwenye kundi lake la wageni anaweza kuyasema yote, na anaweza pia kusema habari za ginjinha peke yake, akakusanya vikombe, akaendelea na safari. Msimamo wangu ni kwamba mgeni aliyelipa kutembezwa na kulishwa kwa saa tatu ana haki ya kuambiwa yote. Matembezi ya chakula ni njia nzuri kuliko nyingi za kuujua mji wa kale, kwa sababu mdomo hukumbuka pale ambapo masikio yamechoka. Lakini yakimlisha mtu bila kumweleza chakula kilifikaje mezani, yamemuuzia bidhaa nusu kwa bei ya nzima. Na sisi wa pwani ya Afrika Mashariki tuna sababu yetu ya kulidai hilo, kwa kuwa sehemu ya gharama ya meza ile ililipwa Kilwa.

Tuanze na kitu ambacho hakuna mgeni anayeondoka Lisbon bila kukionja, yaani pastel de nata. Ni kikombe cha unga uliokunjwa na siagi tabaka kwa tabaka, ukiung'ata unavunjika kama jani kavu. Ndani yake mna krimu ya viini vya mayai, maziwa na sukari, na juu imeungua madoa meusi kwa ukali wa tanuri. Mdalasini mlaji hujinyunyizia mwenyewe. Waongozaji wana simulizi yao kuhusu vitafunio hivi, na ni simulizi tamu: kwamba watawa walitumia ute wa mayai kukazia nguo, vikabaki viini vingi visivyo na kazi, ndipo wakabuni vitamu, kwamba mwaka 1834 serikali ilizifuta nyumba za watawa, na kwamba mwaka 1837 mapishi ya monasteri ya Jerónimos yakaanza kuuzwa katika duka la Belém, jirani na kiwanda cha kusafishia sukari, duka ambalo lipo mpaka leo na siri ya mapishi yake inajulikana kwa watu wachache mno. Habari ya ute wa mayai ichukuliwe kama masimulizi. Miaka hiyo miwili ni historia. Hata hivyo simulizi nzima inaliruka swali ambalo mama yeyote anayepika kaimati angeliuliza kwanza. Viini vya mayai peke yake havina utamu. Sukari ilitoka wapi?

Ilitoka visiwani na ng'ambo. Katika karne ya 15 Wareno walipanda miwa Madeira, baadaye São Tomé, kisha Brazili, na kila hatua ya safari hiyo iliongeza idadi ya Waafrika waliotekwa na kufanyishwa kazi bila ujira. Mdalasini nao ulitoka Ceylon, ambayo leo ni Sri Lanka, walikofika mwanzoni mwa karne ya 16. Wako wakazi wa Lisbon wanaolijua hili vizuri kuliko mabango ya watalii. Mwaka 2017 walipiga kura katika bajeti shirikishi ya jiji ili ijengwe kumbukumbu ya watu waliofanywa watumwa, wazo lililoletwa na chama cha watu wenye asili ya Afrika kiitwacho Djass. Mchoro ulioshinda, wa msanii wa Angola Kiluanji Kia Henda, ni wa shamba la miwa iliyotengenezwa kwa aluminiamu nyeusi. Ulipangwa kusimama Campo das Cebolas, jina lenye maana ya uwanja wa vitunguu, kando ya mto Tejo. Msanii huyo angeweza kuchagua minyororo, kama wengi walivyofanya kabla yake. Akachagua muwa, kwa kuwa alijua utamu ule ulianzia wapi.

Sasa tuingie Jerónimos yenyewe, jengo ambalo wageni hulipiga picha wakiwa bado na mdalasini vidoleni. Ujenzi wake ulioanza mwaka 1501 uligharimiwa kwa kodi ya sehemu moja ya ishirini, yaani asilimia 5, ya mapato ya biashara ya Afrika na Mashariki, kodi ambayo Wareno wenyewe waliiita ya pilipili manga. Ndani limo kaburi la Vasco da Gama. Mtu huyo alitia nanga Kilwa mwezi Julai 1502 akiwa na meli za kivita, akamlazimisha mtawala wake, Amir Ibrahim, akubali kumlipa kodi mfalme wa Ureno ili mji usipigwe mizinga. Dhahabu aliyoondoka nayo ilifika Lisbon mwaka uliofuata, na Mfalme Manuel akaamuru itengenezwe chombo cha kuonyeshea Ekaristi. Kilikamilika mwaka 1506 na hatimaye mfalme akakiachia monasteri hiyo hiyo. Leo kimehifadhiwa Museu Nacional de Arte Antiga, na kwenye kitako chake yameandikwa maneno yanayosema kwamba kimetokana na dhahabu ya kodi ya Kilwa. Mwaka mmoja kabla hakijakamilika, Francisco de Almeida alikuwa ameshaiteka na kuipora Kilwa, akaipora na kuichoma Mombasa. Msomaji wa Kilwa Masoko au wa Mji wa Kale, Mombasa, akifika Belém hawi mgeni kamili, na ni haki asikie jina la mji wake likitajwa pale.

Wala si lazima kwenda mbali hivyo. Katikati ya karne ya 16 takribani mtu mmoja kati ya kumi mjini Lisbon alikuwa mtumwa, na wengi wao walitoka Afrika. Wanawake wa Kiafrika ndio walioteka maji na kuyapitisha mitaani, wakauza na vyakula vilivyopikwa. Mchoro mmoja wa karne hiyo unaonyesha kisima cha Chafariz d'El-Rey, kule Alfama, kikiwa kimezungukwa na watu weusi: wachota maji, wapiga makasia, hata mmoja aliyepanda farasi kwa heshima zote. Kisima kipo hadi leo na makundi ya wageni hukipita wakielekea kula dagaa wakubwa wa kuchoma. Upande wa pili wa mji kuna barabara iitwayo Rua do Poço dos Negros, kisima cha weusi. Mwaka 1515 Mfalme Manuel aliamuru lichimbwe shimo la kutupia maiti za watumwa, kwa kuwa zilikuwa zikiachwa ovyo na uvundo ukasumbua mji, na jina hilo hunasibishwa na shimo hilo. Siku hizi barabara hiyo imejaa migahawa ya kisasa. Mtu anaweza kunywa kahawa yake pale akainuka bila kujua jina la barabara lina maana gani, na mwongozaji aliyelipwa asipomwambia, nani atamwambia?

Najua majibu yanayotolewa. La kwanza ni kwamba mtalii amekuja kustarehe, na ukimtajia maiti tonge litamkwama kooni. Jibu hilo linamdharau mgeni. Unguja tunawapeleka wageni Mkunazini, kwenye kanisa lililojengwa mahali pa soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873, na siku hiyo hiyo tunawapeleka mashamba ya viungo wakanuse karafuu na kuonja shokishoki. Hawakimbii. Wengi huuliza maswali zaidi, na karafuu haipotezi harufu yake kwa sababu mtu ameambiwa nani aliichuma. Kama sisi tunaweza kuueleza uchungu uliofanyika kwetu, ukiwamo uliofanywa na watu wa kwetu, mwongozaji wa Lisbon naye anaweza kusimama mbele ya duka la vitamu akasema neno moja la São Tomé.

Wengine husema historia ni kazi ya makumbusho, na kwamba saa tatu hazitoshi. Ni kweli hazitoshi kwa somo zima. Zinatosha kwa sentensi tano zilizowekwa mahali pake, na mahali penyewe ni pale ambapo chakula kiko mkononi. Tena historia yenyewe haina majonzi matupu. Chukua piri-piri wanayopaka kuku wa kuchoma. Pilipili hiyo asili yake ni Amerika. Ilisafiri na meli za Kireno hadi Afrika, ikapata jina katika lugha zetu, ikarudi Ulaya na jina hilo hilo, na sisi huku bado tunaiita pilipili. Chukua chamuça, inayouzwa katika mikahawa ya kawaida kabisa ya mji. Kila mtu wa pwani ataitambua kwa pembe zake tatu kuwa ni sambusa. Iliingia kupitia Goa, iliyokuwa chini ya Ureno tangu 1510 hadi 1961, na kupitia familia zenye asili ya India zilizotoka Msumbiji baada ya uhuru wa 1975. Sisi nasi tunakula juu ya meza, na neno hilo tumelipata kwao.

Hoja iliyo nzito zaidi ni ya wakazi. Wanasema matembezi haya, hata yakisema kweli yote, yanaongeza msongamano katika vichochoro vya Alfama na Mouraria, ambako nyumba nyingi zimegeuzwa vyumba vya wageni na wazee wamesukumwa nje kwa kodi za juu. Hili silipingi. Hali ilifikia hatua ambapo mwishoni mwa 2018 halmashauri ya jiji ilisimamisha leseni mpya za vyumba hivyo katika mitaa hiyo. Lakini wageni watakuja tu, na kundi la watu wanane linaloingia kwenye mkahawa wa mama wa Cabo Verde likala cachupa yake, mahindi na maharage yaliyochemka taratibu, linaacha fedha mkononi mwa mkazi. Kundi la thelathini lenye bendera na kipaza sauti huacha kelele. Kwa hiyo ukubwa wa kundi na jina la mwenye mkahawa ni sehemu ya ninachokidai.

Ndugu msomaji uliyeko Ulaya, au unayejiandaa kwenda, andika barua pepe kabla ya kulipa. Uliza kundi lina watu wangapi. Uliza wenye mikahawa ni akina nani. Kama huli nguruwe au hunywi pombe, sema mapema, kwa kuwa bifana ni mkate wa nyama ya nguruwe, na hata caldo verde, supu ya majani yanayofanana na sukuma wiki, huwekwa kipande cha soseji. Omba bacalhau, ambaye ni samaki mkubwa wa bahari za baridi aliyekaushwa kwa chumvi. Mla ng'onda hatapata shida naye. Kisha uliza swali la mwisho: je, mwongozaji atatueleza sukari na viungo vilitoka wapi, na nani aliyevilipia? Akijibu kwamba hiyo si sehemu ya ratiba, tafuta mwingine. Wapo Lisbon, wakiwamo Waafrika waliozaliwa pale, wanaotembeza watu katika mji wao wakiyasema haya waziwazi. Na ukibakiwa na saa moja kabla ya ndege, nenda Rua das Janelas Verdes, kwenye makumbusho, ukaitazame dhahabu ya Kilwa.