Uhuru uliotangazwa kwa lugha tatu, ukatawala kwa moja

Majuzi, nilipokuwa nikihitimisha mhadhara kuhusu sera za lugha, mwanafunzi mmoja aliinua mkono akaniuliza: “Mwalimu, ikiwa nchi za Amerika Kusini zilimtimua Mhispania miaka mia mbili iliyopita, mbona zingali zinaitumia lugha yake?” Wenzake waliangua kicheko. Mimi sikucheka. Swali hilo lina uzito kuliko sura nzima za vitabu tunavyofundishia historia.

Vitabu hivyo aghalabu hutusimulia habari za majemedari. Hutueleza jinsi Napoleon alivyoivamia Uhispania mwaka 1808 na kumtia mfalme wake kizuizini, na jinsi makoloni ya ng’ambo yalivyoipata fursa hiyo. Hutueleza kuhusu Simón Bolívar, mzaliwa wa Caracas, aliyeshinda kule Boyacá mwaka 1819. Humtaja José de San Martín, aliyeivuka milima ya Andes mwaka 1817 ili kuikomboa Chile, na Antonio José de Sucre, aliyelivunja jeshi la mfalme kule Ayacucho tarehe 9 Desemba 1824. Hayo yote ni kweli, na mwanafunzi hana budi kuyajua. Lakini ni nani aliyekombolewa, na aliambiwa kwa lugha gani kwamba yu huru?

Hebu tuuangalie mji wa Tucumán, kaskazini mwa nchi tunayoiita leo Ajentina. Tarehe 9 Julai 1816 wajumbe walikutana huko wakatangaza uhuru. Kisha wakaamuru azimio lao lichapishwe nakala 3,000: nakala 1,500 kwa Kihispania, 1,000 kwa Kikechua na 500 kwa Kiaimara. Hiyo haikuwa mara ya kwanza. Mwaka 1813, baraza lililokutana Buenos Aires liliagiza sheria yake ya kufuta kodi na kazi za shokoa walizotwishwa wenyeji itafsiriwe kwa Kiguarani, Kikechua na Kiaimara. Fauka ya hayo, Jenerali Manuel Belgrano alipendekeza mbele ya wajumbe wa Tucumán kwamba nchi mpya itawaliwe na mfalme wa ukoo wa Wainka.

Kwa nini ukarimu huo wote? Jibu ni jepesi. Vita vilikuwa vikipiganwa milimani, na watu wa milimani hawakujua Kihispania. Wana wa Wahispania waliozaliwa ng’ambo, ambao ndio waliouongoza ukombozi, walihitaji askari, nyumbu na chakula. Aombaye hujifunza lugha ya aombwaye.

Wakoloni wenyewe walikuwa wameutambua uwezo wa lugha hizo mapema. Mnamo Novemba 1780, José Gabriel Condorcanqui, aliyejiita Túpac Amaru wa Pili, aliongoza maasi makubwa katika nyanda za Cuzco. Tarehe 18 Mei 1781 aliuawa kinyama katika uwanja wa mji huo, pamoja na mkewe, Micaela Bastidas, aliyekuwa nguzo ya maasi hayo. Hukumu iliyotolewa na afisa wa mfalme, José Antonio de Areche, haikuishia kwenye miili yao. Ilipiga marufuku mavazi ya Kiinka na michezo ya kuigiza iliyokumbusha enzi za Wainka, na kuwataka wenyeji waiache lugha yao na kujifunza Kihispania. Mkoloni alijua kuwa maadamu watu wana lugha yao, wana pa kukutania asipoweza kuingia yeye.

Sasa tuone yaliyojiri baada ya ushindi. Tarehe 27 Agosti 1821, mwezi mmoja tu baada ya kutangaza uhuru wa Peru, San Martín alifuta kodi ya kichwa iliyotozwa wenyeji, akaagiza wasiitwe tena Wahindi bali Waperu. Lilikuwa neno jema. Hata hivyo, hazina ya dola changa ilikuwa tupu, na mwaka 1826 kodi hiyo ilirudishwa Peru kwa jina jipya. Bolivia, nchi iliyopewa jina la Mkombozi mwenyewe, nayo iliirejesha mwaka uo huo. Wenyeji wa Peru waliendelea kuilipa hadi mwaka 1854, mwaka ambao watumwa weusi wa nchi hiyo nao waliachiliwa. Ama kweli, asante ya punda ni mateke.

Ndiyo maana hatupaswi kushangaa kwamba kati ya mwaka 1825 na 1828 wakulima wazungumzaji wa Kikechua wa Huanta, katika jimbo lile lile la Ayacucho, waliinuka dhidi ya jamhuri kwa jina la mfalme wa Uhispania. Mwalimu asiwaite wajinga. Awaulize wanafunzi wake: jamhuri hiyo ilikuwa imewapa nini watu hao?

Kufuli kubwa zaidi lilikuwa la kura. Sheria za nchi kadhaa zilisema kuwa asiyejua kusoma na kuandika hapigi kura. Zilionekana kutombagua mtu kwa rangi wala kabila. Lakini shule zilikuwa chache, na zilizokuwapo zilisomesha kwa Kihispania. Mkulima wa Andes alifungiwa nje ya nchi yake kwa ufunguo wa lugha. Nchini Bolivia kizuizi hicho kiliondolewa baada ya mapinduzi ya mwaka 1952. Nchini Peru, wasiojua kusoma walirudishiwa haki hiyo na katiba ya mwaka 1979, zaidi ya karne moja na nusu baada ya Ayacucho.

Najua nitapingwa. Wapo watakaosema kuwa bila Kihispania, mtu wa Caracas asingeelewana na mtu wa Lima, na jeshi la ukombozi lisingekuwapo. Hoja hiyo ina ukweli, nami siikatai. Lugha ya mawasiliano mapana ni rasilimali. Ninachokikataa ni dhana kwamba lugha moja haiwezi kuunganisha watu pasipo kuzizima nyingine. Paragwai inatufundisha vinginevyo. Huko Kiguarani kimezungumzwa kwa karne nyingi hata na wasio wenyeji asilia, na katika vita vya Chaco vya 1932 hadi 1935 kilitumiwa jeshini ili adui asielewe amri. Hata hivyo, kilingoja hadi katiba ya mwaka 1992 ndipo kikawa lugha rasmi sambamba na Kihispania. Peru ilikitambua rasmi Kikechua mwaka 1975, na katiba ya Bolivia ya mwaka 2009 ikazitambua lugha 36 za wenyeji pamoja na Kihispania. Kawia ufike, lakini waliozikwa kabla ya kufika hawakufaidi.

Nawasihi basi walimu wenzangu: tufundishapo uhuru wa Amerika Kusini, tusiishie kwenye farasi na panga. Tumuulize mwanafunzi sheria iliandikwa kwa lugha gani, kodi ilidaiwa kwa lugha gani, na mshtakiwa alihukumiwa kwa lugha gani. Maswali hayo yatamrudisha nyumbani bila kusukumwa. Katiba yetu ya mwaka 2010 inakitaja Kiswahili kuwa lugha ya taifa na mojawapo ya lugha mbili rasmi. Wanasiasa wetu nao hukitumia kwa ufasaha wa ajabu wanapoomba kura. Je, miswada inayotuhusu tunaisoma kwa lugha gani?

Nilimjibu mwanafunzi wangu hivi: Mhispania aliondoka, lakini kiti chake kilikaliwa na waliokuwa wakizungumza kama yeye. Akaniuliza tena, “Na sisi je, Mwalimu?” Kengele ilikuwa imelia. Nilimwambia hilo ndilo litakalokuwa swali la insha yao.