Simba Wale Wawili ni Wako

Kuna picha moja ambayo huenda umeiona mara nyingi kuliko picha ya babu yako. Iko kwenye hati ya kuzaliwa ya mtoto wako. Iko kwenye jalada la pasipoti na juu ya barua ya chifu. Na kama una sarafu yoyote mfukoni wakati huu, basi umeibeba. Ni nembo ya taifa letu: simba wawili, ngao, mikuki na neno moja chini yake.

Hapa kwetu Riruta, kutoka Satellite hadi Kabiria na kuvuka mpaka Kawangware, picha hiyo huwatia watu baridi. Mama mboga ambaye habababaishwi na makanga wala askari wa kanjo, akiingia katika ofisi yenye nembo ukutani huanza kusema kwa sauti ya chini. Akiambiwa arudi kesho, anarudi. Akidokezewa kitu kidogo, anafungua kitambaa alichofungia pesa. Ni kana kwamba simba wale ni mali ya yule aliyekaa nyuma ya meza.

Wahenga walisema asiyejua maana haambiwi maana. Ndiyo sababu Jumapili hii naomba tuisome nembo hiyo pamoja, kama vile mtu asomavyo mkataba kabla ya kutia sahihi. Itafute kwenye hati ya kuzaliwa, kwa maana kwenye sarafu mambo mengine ni madogo mno kwa macho ya baadhi yetu.

Anza chini, waliposimama simba. Pale pamechorwa Mlima Kenya, na juu ya udongo wake kuna mazao sita: kahawa, pareto, mkonge, chai, mahindi na mananasi. Waliochora walitaka kusema kwamba taifa hili linasimama juu ya jembe. Lakini tazama kahawa kwa makini. Wakati wa ukoloni, Mwafrika katika sehemu nyingi za nchi, hasa Mkoa wa Kati, hakuruhusiwa kulima kahawa yake ya kuuza. Kazi yake ilikuwa kuichuma katika shamba la mzungu. Mlango ulifunguliwa kwa upana baada ya Mpango wa Swynnerton wa mwaka 1954. Kwa hiyo nembo ilipotolewa mwaka 1963, kuliweka tawi la kahawa miguuni pa simba halikuwa pambo. Ilikuwa ni kusema: kile tulichokatazwa sasa ni chetu.

Sasa uliza swali la pili, ambalo watoto huuliza na sisi wazazi hulikwepa: ni nani hayumo? Hakuna ng'ombe wala ngamia, ingawa nusu ya nchi na zaidi ni malisho. Hakuna samaki wa ziwani. Hakuna nazi wala korosho za Pwani. Mazao yaliyochaguliwa mengi ni yale yaliyoingiza fedha za kigeni katika miaka hiyo. Zunguka soko la Kawangware asubuhi ya Jumamosi, utaona omena, mtama, njahi na nazi zikiuzwa bega kwa bega. Soko hilo limeijumlisha Kenya kuliko nembo yenyewe. Silisemi hili ili nembo itupwe. Nalisema ili tukumbuke kwamba ilichorwa na watu, katika mwaka wake, na kwamba wale ambao hawakuchorwa nao ni wenye nchi.

Panda juu kidogo ufikie ngao. Rangi zake ni zile za bendera: nyeusi kwa ajili ya wananchi, nyekundu kwa damu iliyomwagika katika kupigania uhuru, kijani kwa ardhi, na mistari myeupe kwa amani. Katikati, juu ya ule wekundu, yuko jogoo mweupe ameshika shoka kwa mguu wake wa kulia.

Jogoo huyu ndiye aliyezua maneno. Maelezo ya kawaida ni kwamba jogoo hutangaza mapambazuko, na shoka ni la kazi. Lakini kila mtu mzima anajua kwamba jogoo alikuwa pia alama ya KANU, chama kilichoundwa mwaka 1960 na kuiongoza nchi kuingia uhuru. Chama kilipokuwa kimoja tu, hakuna aliyejali tofauti. Vyama vingi viliporuhusiwa tena Desemba 1991, ndipo mambo yalipokuwa mazito: hata mpinzani mkali wa KANU alikuwa akilipa nauli kwa sarafu yenye jogoo.

Kisha ukaja uchaguzi wa Desemba 2002, KANU ikashindwa baada ya kutawala karibu miaka 40. Jogoo wa chama alinyeshewa, bali jogoo wa ngao alibaki pale pale. Katiba mpya ya mwaka 2010 iliitaja nembo miongoni mwa alama za taifa, pamoja na bendera, wimbo wa taifa na muhuri wa umma, na jogoo hakuondolewa. Leo kijana aliyezaliwa baada ya mwaka 2002 akimwona huona kuku dume mwenye shoka tu, na pengine hiyo ndiyo njia nzuri kabisa ya chama kuachia kitu chake kiwe cha wote.

Hali kadhalika sura za viongozi. Tangu mwaka 1966 sarafu zetu zilibeba sura ya Rais upande mmoja na nembo upande wa pili. Alikuwapo Mzee Kenyatta, akafuata Mzee Moi, na mwaka 2003 Rais Kibaki akaonekana kwenye sarafu ya shilingi 40. Wananchi wakachoka. Katiba ikaamua kwamba pesa zetu zisiwe na picha ya mtu yeyote binafsi. Sarafu mpya zilipotoka Desemba 2018, upande wa sura ulipewa wanyama: twiga kwenye shilingi moja, kifaru kwenye tano, simba kwenye kumi na ndovu kwenye ishirini. Nembo ikakaa pale pale. Wakubwa wamepita, simba wawili wamesalia.

Na hao simba je? Ni wa rangi ya dhahabu, kila mmoja ameshika mkuki mwekundu, na mikuki hiyo imepishana nyuma ya ngao. Majirani zetu wa Tanzania waliweka mwanamume na mwanamke kuishikilia ngao yao. Waganda waliweka swala na korongo mwenye taji. Sisi tuliweka walinzi. Watazame vizuri: hawagombani wala hawaraukii mawindo. Hawali. Wanalinda kitu kilicho katikati yao. Mtumishi wa umma anayekula kilichowekwa mikononi mwake akilinde, huyo ameigeuza picha iliyo juu ya barua yake mwenyewe.

Mwisho ni lile neno moja, Harambee. Ni wito wa watu wanaobeba au kuvuta mzigo mzito kwa pamoja, na Mzee Kenyatta aliufanya kuwa wito wa taifa mwaka 1963. Kwa neno hilo wanakijiji walijenga shule za upili na zahanati nyingi. Hatujalisahau: mtoto wa jirani akilazwa, simu zinapita mkono kwa mkono na bili inalipwa.

Lakini neno hilo limewahi pia kuumizwa. Zilikuwapo siku ambapo mchango ulikatwa bila mtu kuulizwa, na mwanasiasa akapanda jukwaani na magunia ya pesa zisizojulikana zilikotoka. Sheria ya maadili ya watumishi wa umma ya mwaka 2003 iliwawekea maafisa mipaka katika kuchangisha. Julai 2024, baada ya maandamano ya vijana, Rais William Ruto alitangaza kuwapiga marufuku watumishi wa umma kushiriki harambee. Yaani miaka 60 baada ya neno hilo kuandikwa chini ya ngao, bado tunalilinda lisigeuke kuwa jina la udanganyifu. Kuvuta pamoja ni jambo moja; kuvutwa ni jambo jingine.

Mzazi mwenzangu, ipo sheria, Sura ya 99, inayomkataza mtu kuitumia nembo hii katika biashara yake bila idhini. Mtu asiye na ruhusa hapaswi kuibandika kwenye kibanda chake. Sheria hiyo ni nzuri, kwa sababu inafanya karatasi yenye simba iaminike. Lakini isitufanye tudhani nembo ni ya ofisi. Kifungu cha kwanza kabisa cha Katiba kinasema mamlaka yote kuu ni ya wananchi wa Kenya. Afisa ameazimwa tu.

Kwa hiyo wiki hii, ukipeleka fomu ya mtoto wako, vaa vizuri, amkia kwa heshima, kwani heshima si utumwa. Kisha sema haja yako kwa sauti ya kusikika. Ukiambiwa urudi kesho, uliza kwa upole ni kwa nini. Ukidokezewa chai, inua macho utazame ukutani, uhesabu simba: mmoja, wawili. Hakuna hata mmoja wao anayekunywa chai.