Ofisa Aliyewasikiliza Watumwa

Mwaka 1862, katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, Jenerali George McClellan wa majeshi ya serikali alifika karibu na Richmond, mji mkuu wa waasi wa Kusini, akasita. Aliamini kuwa adui alikuwa na askari 200,000. Kwa kweli hawakufika nusu ya idadi hiyo. Hofu yake ililishwa na taarifa za Allan Pinkerton, mpelelezi wa kulipwa ambaye kampuni yake baadaye ilikodiwa na matajiri kuvunja migomo ya wafanyakazi. Mkubwa aliogopa, na mdogo akampelekea takwimu za kuithibitisha hofu ile. Gonjwa hili halikuanza wala kwisha na Pinkerton. Kila ofisi inalijua.

Februari 1863 Jenerali Joseph Hooker aliikabidhi kazi hiyo kwa Kanali George Sharpe, mwanasheria wa Kingston, New York. Sharpe hakuwa mtu wa ndevu za bandia. Alifanya kama afanyavyo wakili mbele ya mashahidi: mateka, watoro wa jeshi la adui, magazeti ya Richmond, wapelelezi wake mwenyewe, wote walihojiwa au kusomwa, kisha maneno yao yakalinganishwa. Hesabu yake ya jeshi la Jenerali Lee ilikaribia sana ukweli. Hata hivyo, mwezi Mei Hooker alishindwa vibaya Chancellorsville, maana taarifa sahihi haimpi ujasiri asiyekuwa nao.

Lakini jambo kubwa zaidi lilitokea mwezi Juni. Sensa ya 1860 ilikuwa imehesabu watumwa karibu milioni 4, na machoni mwa Wazungu wengi, hata wa Kaskazini, neno la mtu mweusi halikuwa ushahidi. Charley Wright, mtu mweusi aliyekuwa mtumishi katika jeshi la Kusini, alivuka akaja na habari kwamba vikosi vya Ewell na Longstreet vimekwisha kupita Culpeper, vikielekea Maryland. Kapteni McEntee, msaidizi wa Sharpe, alimhoji, akaona kuwa anavijua vikosi hivyo barabara, akapeleka simu ya maandishi makao makuu. Hooker akaanza kuhamisha jeshi lake kaskazini. Mtu ambaye mabwana zake walipanga vita mbele yake, kana kwamba hana masikio, ndiye aliyewafichua.

Usiku wa Julai 2, huko Gettysburg, Jenerali Meade, aliyekuwa amempokea Hooker uongozi, alitaka kujua adui amebakiwa na nini. Ofisi ya Sharpe ilikuwa imewahesabu mateka kwa vikosi vyao: walitoka katika kila brigedi ya Lee isipokuwa za divisheni ya Pickett. Basi ni hiyo tu iliyokuwa haijapigana. Meade alibaki. Kesho yake Pickett alishambulia, akavunjwa.

Aprili 1865 Sharpe alisimamia utoaji wa hati za kuwaachia kwa kiapo askari wa Lee waliosalimu amri Appomattox. Ofisi yake ikafungwa; jeshi la Marekani halikuunda nyingine ya kudumu mpaka 1885. Yeye akarudi New York, na mwaka 1880 akawa Spika wa Bunge la jimbo hilo. Weusi wa Kusini, ambao wenzao walimletea habari, walikuwa wakinyang'anywa kura kabla karne ile haijaisha.