Mama akisema 'nakutunzia', hela ndiyo hiyo imekwenda!

Wiki hii sina stori ya mapenzi wala ya fumanizi. Wale mliozoea mtanisamehe. Leo nawavulia kofia akina mama, na sababu ninayo, tena inanuka mkojo.

Ilikuwa hivi. Dada yangu aliumwa jino. Si jino la mchezo, ni lile la kukesha umeshika shavu. Akaamua kushuka mjini Moshi kuling'oa, akaniachia mwanaye wa miezi miwili na nusu. Maziwa ameshakamua, yako kwenye chupa. Nepi hizi hapa, kofia ile pale. "Mdogo wangu, nakwenda na kurudi." Mimi nikajisemea moyoni, mtoto wa kilo tano atanishinda nini mwanaume mzima, fomu foo nimemaliza?

Jamani, usiombe yakukute!

Mwanzo alilala, nikajiona mjanja. Nikawasha redio nisikilize mpira. Kosa. Alilia kilio ambacho mbwa wa jirani alisimama kukisikiliza. Nikampa chupa, akatema. Nikamwonyesha kuku, akazidisha. Nikasema nimbadilishe nepi. Nikaifunga kwa nguvu kama mtu anayefunga mzigo wa mitumba, lakini nilipomnyanyua, nepi ikabaki kitandani. Papo hapo akanilowesha shati, na shati lenyewe nililigombania pale Kiboriloni siku wanafungua belo, bado lina siku tatu mwilini.

Nikatoka naye nje. Hapo ndipo washauri walipoanza kupita nyuma ya masale. Wa kwanza akasema mtoto ana njaa. Wa pili akasema kashiba mno. Wa tatu akaniuliza, "Kofia iko wapi, baridi yote hii ya mlimani?" Nikakimbia kuleta kofia. Wa nne akanikuta tumeshavaa, akashika kiuno: "We kijana, unamchemsha mtoto?" Nikaivua nusu. Nilitamani kumwuliza wa tano kama kofia inavaliwa upande mmoja.

Kwenda na kurudi kukawa saa nne nzima. Aliyeniokoa ni mama, alipopanda kutoka sokoni na kapu lake. Hakuuliza kitu. Alinawa mikono, akamlaza mtoto begani, akampiga mgongoni mara mbili. Beu! Kimya. "Alikuwa na gesi tu," akasema. "Na wewe ulikuwa hivyo hivyo, ila wewe ulilia mpaka ukaanza shule."

Hao ndio mama zetu. Wana elimu yao, na wana lugha yao ambayo lazima uzaliwe ndani yake ndipo uielewe. Mama akikuambia mbele za wageni, "Tutaongea nyumbani," ujue huko nyumbani wewe huongei. Akisema, "Njoo, sikupigi," usiende. Kandambili ya mama inakata kona. Unaweza kujificha nyuma ya mgomba na bado ikakupata kisogoni.

Na kubwa kuliko yote ni ile ya hela. Msomaji, kumbuka ulipokuwa mdogo. Mjomba kaja kutembea, anaaga, anakutia noti mkononi. Kabla hajafika barabarani, mama kanyoosha mkono: "Lete nikutunzie." Mimi natunziwa tangu nikiwa na miaka minne. Mwaka jana nikamwuliza kwa heshima, mama, zile hela zangu zimefika ngapi? Akaniangalia toka juu mpaka chini. "Hayo mabega unafikiri yameota kwa mvua?"

Sasa utaniuliza, mama alikuwa anatoka sokoni kufanya nini, na mzazi yuko nyumbani anatakiwa kulelewa? Hapo ndipo utani unapoishia kidogo.

Dada yangu anauza nguo za mtumba za watoto hapo sokoni Kiboriloni. Mtaji ni wa kukopa kwenye kikundi, na rejesho ni kila wiki, uzae usizae. Alipojifungua akaja kwetu, maana mama mkwe wake alishatangulia mbele za haki. Shemeji ameajiriwa, na serikali inamjali. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inampa mama aliyeajiriwa siku 84 za likizo ya uzazi, na akipata watoto zaidi ya mmoja kwa mkupuo anapata 100. Baba anapata siku 3. Shemeji alizitumia vizuri. Ya kwanza alileta mbuzi, ya pili alipiga simu kwa ukoo mzima, ya tatu alilala, eti kachoka.

Lakini mama wa gengeni na mama wa mtumba, likizo yake anaiomba kwa nani? Meza ikikaa wiki mbili bila mtu, wateja wanahamia meza ya pili. Wiki ya tatu dada akaanza kusema anashuka sokoni na mtoto mgongoni. Mama akamkatalia katakata. "Miezi mitatu. Mimi nililelewa miezi mitatu, bibi yako alilelewa miezi mitatu. Kaa hapo, kunywa mtori."

Asubuhi yake, mama mwenyewe na magoti yake yanayolia kama bawaba, akafunga kanga na kushuka kukaa kwenye meza ya dada.

Mama yangu anajua ndizi. Mtumba haujui kabisa. Siku ya kwanza alimwambia mteja, "Mwanangu, hii usinunue, kwapani imechanika." Siku ya pili alimpunguzia bei binti mmoja mjamzito mpaka hela iliyobaki haikutosha hata nauli. Mimi nikacheka. Dada hakucheka, anajua rejesho linavyodaiwa. Lakini kila wiki rejesho lilipelekwa, kamili, na dada akaamini biashara inakwenda.

Ukweli ninaujua mimi kwa sababu mgongo uliobeba ni wangu. Alfajiri mama alikuwa ananiamsha niteremshe mikungu ya ndizi kutoka kihambani kwenda sokoni. Nikiuliza ya nini, najibiwa, "Wewe beba." Alikuwa anauza ndizi zake anajazia rejesho la mtumba. Mama analipa kwa mikungu ya kihambani ili binti yake amalize miezi mitatu kitandani, kisha anarudi nyumbani anasema soko lilikuwa zuri.

Hii miezi mitatu si kudeka, ndugu yangu. Hapa Uchaggani mzazi alikuwa mtu mkubwa. Wazungu waliokaa huku zamani waliiandika desturi hiyo. Miezi mitatu ikitimia, mama alinyolewa nywele, akavishwa taji la shanga na vazi la ngozi, akapewa fimbo kama ya wazee, halafu akatoka na mtoto wake kwenda sokoni taratibu. Njiani aliimbiwa nyimbo walizoimbiwa mashujaa wakirudi vitani. Sikia hiyo! Kumbe 'siku ya mama' tulikuwa nayo, na ukumbi wake ulikuwa soko.

Hii ya kisasa, Jumapili ya pili ya Mei, imetoka Marekani. Mwanamke mmoja, Anna Jarvis, aliianzisha mwaka 1908 kumkumbuka mama yake aliyefariki, na mwaka 1914 Rais Woodrow Wilson akaitangazia nchi nzima. Baadaye wauza kadi na maua waliifanya mradi, Jarvis akawachukia na kupigana nao miaka mingi. Alikufa mwaka 1948, hakuwahi kuzaa, na siku yake imebaki ya kadi. Mimi nakubaliana naye. Mama yangu ukimpa ua atauliza hela ya ua ungenunua sukari kilo ngapi.

Jumamosi iliyopita miezi mitatu ilitimia. Dada akashuka sokoni. Taji hakuna, fimbo hakuna, amevaa kitenge na mtoto mgongoni. Nilidhani atapita kimya, maana kelele zilikuwa zile zile, watu wanagombania nguo, konda wa Himo anaita. Mara mama mmoja wa meza ya pili, yule yule tuliyehofia atachukua wateja, akapiga kigelegele. Wa viazi akajibu. Wa dagaa akajibu. Mstari mzima ukalipuka! Wakamzunguka mtoto, kila mmoja anamtia shilingi kwenye kiganja. Dada akalia. Mimi vumbi liliniingia machoni, macho yote mawili.

Mmoja wao akamshika dada mkono: "Mshukuru mama yako. Ameuza ndizi hapa miezi mitatu kwa ajili ya hii meza." Siri ikawa imetoka. Dada akamgeukia mama. Mama akageukia viazi, akaanza kuuliza bei, na viazi nyumbani tunavyo.

Halafu, mpenzi msomaji, ndipo nilipoona kwa macho yangu mawili. Mama alinyoosha mkono polepole mpaka kwenye kile kiganja kidogo kilichojaa hela.

"Lete, mjukuu wangu, nikutunzie."

Pole anko. Karibu kundini. Ila usiwe na wasiwasi, ukikua utaona mabega.

Haya, wewe unayesoma hapa huku mama yako anafua, weka gazeti chini ukamsaidie kukamua blanketi. Tukutane wiki ijayo, Mungu akipenda.